Kila Kitu Kinacholia

Getini mlinzi aliwaambia waache kila kitu kinacholia.

"Simu, funguo, bangili, saa yenye kengele," alisema, akisukuma beseni la plastiki juu ya meza. "Humu ndani kuna wanyama wanaofundishwa kutusahau. Hatutaki wasikie kitu cha nyumbani."

Mama alivua bangili zake moja moja, kwa taabu, maana mkono ulikuwa umenenepa tangu siku alipozivaa. Mjomba akatumbukiza funguo za lori na simu zake mbili. Mama akamtazama huyo kaka yake, kisha akamgeukia mlinzi.

"Na huu mdomo wake je? Beseni litatosha?"

"Mdomo wangu haulii, dada. Unaongea."

"Unalia. Hasa ukiwa na njaa."

Mlinzi hakucheka, lakini alijikuna pua kwa muda mrefu kidogo. Halafu akainama kwa mtoto. Mtoto huyu walimwita Sisimizi, kwa sababu tangu ajue kutembea hajawahi kutembea mikono mitupu. Alikuwa na miaka sita, na siku hiyo alibeba kopo la vifungo. Alilitikisa mwenyewe, akasikiliza, akaona kweli linalia, akaliweka ndani ya beseni bila kuombwa mara ya pili.

"Lakini ni zawadi yake," alimwambia shangazi yake. "Nilimchagulia vyenye matundu manne."

"Utampa siku nyingine," shangazi akasema, ingawa alijua siku nyingine haipo.

Shangazi huyo ndiye Fundi. Mtaa mzima ulimwita hivyo, na hata Mama, aliyemzaa, siku akiwa radhi naye. Alitoa simu, akatoa begi lenye futi ya kupimia na chaki. Mfukoni mwa gauni alikuwa na mkasi mdogo wa kukatia nyuzi, uliofungwa utepe mweusi. Aliugusa kwa nje ya kitambaa.

"Mmemaliza?" mlinzi akauliza.

"Tumemaliza," akasema Fundi.

Baadaye alijiambia kuwa alisahau. Lakini mtu hasahau kitu huku mkono wake umekishika.

Waliyemfuata pale alikuwa tumbili, jina lake Kifungo. Mjomba alimkuta kando ya barabara kuu akiwa mchanga, amemng'ang'ania mama yake aliyegongwa na gari, na Mjomba aliapa kwa kila kiapo anachokijua kuwa gari hilo si lori lake. Akamleta nyumbani ndani ya kofia. Fundi akamlea kwa chupa, akamlaza kwenye kapu la vipande vya vitambaa chini ya cherehani. Alipoota meno akaanza kuiba vifungo. Anavitia shavuni, anakaa kimya kama mwenye haki zake, na mteja akija kuchukua shati analikuta shingo wazi. Jina likajileta lenyewe.

Ila cherehani na tumbili havikai chumba kimoja kwa amani. Saa za kazi ilibidi afungwe. Fundi alimshonea mkanda wa jinzi wa kiunoni, wenye kamba iliyofungwa kwenye mguu wa meza. Bizimu Kifungo aliifungua siku ya kwanza, na vifungo ndiyo usiseme. Basi Fundi akabuni lake: kila asubuhi alimzungushia mkanda kiunoni na kuzishona ncha zake, mishono minne ya uzi mnene, na kila jioni kazi ikiisha aliikata. Kabla ya kukata aliuchezesha mkasi hewani mara mbili, kach, kach. Kifungo akiusikia, popote kamba ilipomfikisha, alikuja, akageuza mgongo, akainua mikono yote miwili kama mteja anayepimwa kifua. Mkanda ukianguka, nyumba yote ni yake hadi asubuhi.

Mwaka juzi shule zilipokaribia kufunguliwa, sare zilikuja kwa magunia. Fundi alishona mpaka siku zikampotea. Jioni ya kwanza alimwambia Kifungo, nitakufungua kesho. Kesho ikazaa kesho nyingine. Kushona asubuhi na kukata jioni ni muda, na muda hakuwa nao. Jioni mbili tatu za mwanzo Kifungo alikuja mwenyewe na kuinua mikono bila kungoja mkasi, halafu akaacha. Zikapita wiki tano. Naye alikuwa bado anakua. Mama ndiye aliyesikia harufu, akayafunua manyoya, akakuta jinzi imezama nyamani.

Mama alisema neno moja tu siku ile. "Mwanangu." Fundi angeona afadhali kofi.

Watu wa kituo cha kuokoa wanyama walikuja kumchukua. Mtunza wanyama wao, mwanamume mrefu mwenye alama za meno kwenye kidole gumba, aliketi na Fundi kwenye benchi la wateja, fomu juu ya goti. Anaitwa nani? Anaitikia mlio gani?

"Taja yote," alimwambia. "Kila unachokitaja tutakifanya mbele yake bila kumpa kitu, siku baada ya siku, mpaka kisiwe na maana kwake. Asipokuwa na cha kumrudisha kwa watu, ndipo tunaweza kumrudisha msituni."

Fundi akataja jina, mluzi wa Mjomba, kopo la karanga, mlango wa jokofu.

"Kingine?"

Kulikuwa na mkasi. Lakini ukiutaja mkasi utaulizwa ulikuwa wa nini. Ukisema ni wa kukata mshono kila jioni, utaulizwa jioni za wiki tano ulikuwa wapi.

"Hakuna kingine," akasema.

Mtunzaji akapiga mstari kwenye nafasi iliyobaki, na jambo likawa limefungwa.

Tangu hapo Fundi alipiga simu kila mwezi, na kila mwezi aliambiwa kidonda kinapona, amepata wenzake, ameanza kusahau. Mwezi huu Mtunzaji alimwambia, njooni Jumapili. Jumamosi inayofuata wanaachiwa.

Kituo kilikuwa katikati ya shamba, na kabla ya kufika kwa wanyama ilibidi upite shamba lote. Hewa ilikuwa nzito na ya moto, yenye harufu ya majani yaliyoloa. Bibi shamba, mwanamke mwenye buti za mpira na sauti ya kuzoea kuita watu kutoka mbali, aliwapitisha kwenye mananasi, kwenye mipapai, kwenye mikakao iliyobeba matunda yake kifuani badala ya matawini. Mjomba alionjeshwa nanasi, akaonja tena, akaonja na la Sisimizi.

"Hili nanasi nalo linalia?" Mama akamuuliza bibi shamba. "Maana naona limezima kelele zote."

"Dada, niache nifaidi," Mjomba akasema huku maji yakimchirizika kidevuni. "Hawa tumbili wanakula hivi kila siku? Basi mimi niandikeni, nami niokolewe."

"Hata uokolewe, nani atakayekuja kukutazama?"

Sisimizi alicheka mpaka akalishika tumbo. Fundi naye alicheka. Ilikuwa siku nzuri mpaka hapo, na hilo ndilo lililomuuma baadaye: hakuna kilichomsukuma.

Kwenye vanila bibi shamba alisimama. Ilikuwa imepanda juu ya miti kwa mashina ya kijani manene kama vidole, yenye maua machache ya rangi ya maziwa.

"Ua hili linafunguka asubuhi moja tu," alisema. "Huku kwetu hakuna mdudu wa kulichavusha, inabidi mkono wa mtu. Ukiligusa kabla ya mchana, utapata tunda. Usipoligusa linaanguka."

"Na la kesho?" Mama akauliza.

"La kesho ni la kesho. La leo limeshakwenda."

Akachukua kijiti chembamba cha mwanzi, akaonyesha: unapasua mdomo wa ua, unainua kile kiulimi cha katikati, unabana pamoja juu na chini. Akampa Mjomba, naye akalivunja ua. Mama akampokonya.

"Mpe mwenye mikono."

Fundi alishika kijiti kama anavyoshika sindano. Akapasua, akainua, akabana. Bibi shamba aliinama kukagua, akanyanyuka taratibu.

"Mwaka mzima nawafundisha watu hili," alisema. "Mikono yako inajua kabla yako."

Fundi aliona fahari. Akaitazama mikono yake na kuifurahia.

Mtunzaji aliwakuta mwisho wa shamba, penye ukuta wa matete. Alivaa koti refu la rangi ya udongo na alikuwa na kitambaa cha kufunika uso, amekishushia shingoni ili azungumze.

"Shikamoo mama. Karibuni." Akamwinamia Sisimizi. "Na wewe ndiye bosi wao? Sasa nisikilize, bosi. Ndani ya kile kibanda hatusemi hata neno. Tunachungulia tu kwenye tundu. Sawa?"

"Sawa," Sisimizi akanong'ona, ameshaanza.

Kisha akaongea na wakubwa. Kundi lilikuwa la tumbili kumi na wanne. Kwa siku thelathini za mwisho hawatakiwi kumfuata binadamu kwa lolote. Chakula kinatupwa na watu wenye makoti na vitambaa kama vyake, kila mara upande tofauti, ili tumbili yeyote asije akafunganisha nanasi na sura ya mtu. Leo ilikuwa siku ya ishirini na nne.

"Na mmoja akifuata?" Mama akauliza.

"Huyo haendi. Tumbili anayefuata watu msituni hafiki mwezi, mama. Anakwenda majumbani kwa watu akidhani ni kwao, na huko anapigwa mawe. Tena anakwenda na wenzake nyuma."

Akamgeukia Fundi, akatabasamu. "Wako ndiye aliye vizuri kuliko wote. Tumemwita jina lake mara ngapi, tumempigia kopo, mluzi... haangalii. Kwa kawaida siruhusu wageni wiki ya mwisho. Lakini nilisema, huyu dada amepiga simu miezi kumi na minane bila kukosa. Amwone."

"Ahsante," akasema Fundi. Hapo ndipo angesema. Nafasi ilikuwepo, pana kabisa. Mtunzaji akapandisha kitambaa puani, wakaingia.

Kibanda kilikuwa cha mbao, chenye giza la mchana, na tundu refu la kutazamia usawa wa macho. Mtunzaji alimweka Sisimizi juu ya kigoda. Sisimizi akajiziba mdomo kwa viganja vyote viwili, kimoja juu ya kingine.

Nje palikuwa na uwanja mkubwa uliozungushiwa waya mrefu, wenye miti ya kweli ndani yake. Mwanzoni Fundi aliona majani tu. Kisha mkia. Kisha wote, mmoja baada ya mwingine, kama nyota zinavyojitokeza ukitulia. Alimtambua kwa kiuno. Manyoya yalikuwa yameota upya, lakini pale mkanda ulipokuwa yaliota meupe, mstari mwembamba uliomzunguka sawasawa kama mshono mzuri.

Alikuwa mkubwa. Alikuwa ameketi kwenye tawi na tumbili jike mdogo akimchambua bega, naye amefumba macho nusu. Aliposhuka wengine wawili walimpisha. Alitembea mpaka karibu na kibanda, hatua kumi hivi, akaokota kipande cha papai, akakila. Akainua uso. Akalitazama lile tundu, na macho ya watu ndani yake, akalitazama kama unavyotazama ukuta. Kisha akageuka aende zake.

Hilo ndilo walilolifanyia kazi miezi kumi na minane. Hilo ndilo aliloliombea kila alipopiga simu. Na Fundi alipouona ule mgongo unaondoka, na mstari wake mweupe, alisogeza uso mpaka kwenye mbao. Alitaka aangaliwe mara moja tu, asiwe ukuta. Labda alitaka asamehewe, ingawa tumbili hajui habari hizo.

Mkono ulikuwa mfukoni. Kach, kach.

Haukuwa mlio mkubwa. Mjomba, aliyekuwa ameegemea ubao, hakuusikia vizuri. Alifikiri ni kitu kimevunjika. Lakini Kifungo alisimama palepale. Jike lile likamwita kutoka juu, hakulijibu. Akaja mbio mpaka kwenye waya, chini kabisa ya tundu, akageuza mgongo, akainua mikono yote miwili.

Akangoja.

Fundi aliona vidole vyake vyeusi vimekunjuka hewani. Aliona jinsi alivyokuwa akigeuza kichwa kidogo, kidogo tu, kusikiliza kama mkasi unakuja. Mikono ilianza kutetemeka kwa kuchoka, akaishusha, akaiinua tena. Mtunzaji alimgusa kila mtu begani, akaonyesha mlango.

Nje, kwenye jua, walitembea mpaka ukuta wa matete ukawa mbali. Wa kwanza kuongea alikuwa Mjomba.

"Sisimizi. Umefanya nini mama?"

Mtoto bado alikuwa na viganja mdomoni. Alitikisa kichwa.

"Si uliambiwa usichezee kitu? Umevunja nini mle?"

"Msimgombeze," Mtunzaji akasema. Sauti yake ilikuwa imechoka. Akachuchumaa mbele ya mtoto. "Wewe ni mtoto, hujakosa. Kosa ni langu, mimi niliyewaingiza."

Sisimizi alishusha mikono na kumtazama shangazi yake. Alikuwa amesimama juu ya kigoda kando yake, mfuko wa gauni chini ya macho yake. Alikuwa ameona kila kitu. Na Fundi, mtu mzima, fundi wa watu, akainama kufunga mkanda wa kiatu ambao haukuwa umefunguka.

Walirudi kupitia vanila. Bibi shamba aliwapungia kutoka mbali, akauliza kwa ile sauti yake kama wameona vizuri, na Mama akajibu wameona. Getini mlinzi alirudisha vitu. Mama akapachika bangili moja moja. Sisimizi akapewa kopo lake, akalikataa.

"Si lako?"

"Linalia," akasema mtoto.

Mama aliisimamisha bangili ya mwisho katikati ya mkono. Alimtazama mjukuu, kisha binti yake, kisha mfuko wa gauni, ambamo utepe mweusi ulikuwa umechungulia kidogo. Aliipitisha bangili taratibu, akamshika Sisimizi mkono, akampeleka kwenye lori.

"Nisubirini," akasema Fundi.

Alimkuta Mtunzaji kwenye ofisi yake ndogo, amekwisha kulifungua faili. Fundi aliutoa mkasi, akauweka juu ya meza.

"Si mtoto," alisema. "Ni mimi."

"Najua. Mtoto hana mkasi." Hakuinua macho. "Nilikuwa naangalia hapa kama kuna mahali nimeruka. Nikafikiri labda mimi ndiye sikuandika."

Akageuza ile fomu amwonyeshe. Mstari wake wa siku ile ulikuwa bado pale, umenyooka, juu ya nafasi tupu.

Basi Fundi akasema yote. Mishono minne ya asubuhi, mkasi wa jioni, sare, wiki tano. Alisema kwa haraka na kwa sauti ndogo, kama mtu anayetapika sumu. Mtunzaji alisikiliza mpaka mwisho.

"Siku ile ungeniambia, nisingekusema vibaya," alisema. "Hapa wanaletwa waliokatwa miguu na minyororo ya wenyewe waliowapenda. Ningeandika tu, mkasi. Ingechukua kama miezi miwili kumsahaulisha."

"Na sasa?"

"Jumamosi watakwenda kumi na watatu. Yeye atabaki. Leo hii tutamtoa kwenye kundi, asije akawafundisha. Kundi lingine likipatikana, labda mwaka ujao. Na yeye akikubali wenzake wapya. Wengine hawakubali mara ya pili."

Fundi alifikiria lile jike juu ya tawi, likiita.

Mtunzaji alichukua kalamu, akaandika chini ya mstari wake mwenyewe: mkasi, mara mbili. Kisha akauvuta mkasi upande wake wa meza.

"Huu nitaubakiza. Lazima uwe huuhuu, mlio wake ndio anaoujua. Tutampigia kila jioni bila kumpa kitu."

"Mpaka lini?"

"Mpaka asiinue mikono."

Ndani ya lori walikaa wanne mbele, Sisimizi mapajani kwa bibi yake. Mjomba aliweka ufunguo, akajaribu kuwachangamsha. "Haya, nani anataka kurudi kula nanasi?"

"Mjomba," Fundi akasema. "Mle ndani ni mimi niliyemwita. Kwa mkasi. Sisimizi hakufanya kitu. Alikaa vizuri kutushinda sote."

Mjomba aliuachia ufunguo. Alimtazama mtoto, akamwekea kiganja chake kipana kichwani. "Nisamehe, mama yangu," akamwambia. Kisha akawasha gari, na njia nzima, kwa mara ya kwanza tangu dada yake amjue, hakusema tena.

"Nilikuwa najua," Sisimizi akasema walipofika kwenye lami. Hakumwambia mtu yeyote hasa.

"Najua kuwa ulijua," akasema Fundi.

"Basi kwa nini uliniacha?"

Mama alitazama dirishani. Lori lilipita mashamba, likapita nguzo za umeme, na Fundi alilitafuta jibu kama anavyotafuta sindano iliyoanguka, kwa uso karibu kabisa na sakafu.

Watu waliokuja dukani miezi iliyofuata walishangaa kumwona anakata nyuzi kwa meno. Mkasi mkubwa wa kukatia vitambaa alikuwa nao, lakini mdogo hakununua mwingine. Mteja mmoja alimtania kuwa atabaki kibogoyo kabla ya kuolewa, naye akacheka, akaendelea. Kila jua likishuka, mlango wa duka ukiwa bado wazi, aliacha kukanyaga cherehani kwa dakika moja hivi. Sisimizi, aliyekuwa akifanya kazi za shule juu ya benchi la wateja, alijua ni saa gani. Siku nyingi hakuinua macho.

Jioni moja aliinua.

"Shangazi. Sasa hivi wanampigia?"

"Sasa hivi."

Mtoto akafikiri, penseli mdomoni. "Leo ameinua?"

Fundi alikuwa amepiga simu siku hiyohiyo.

"Ameinua," akasema, akainama, akaung'ata uzi.